Dari ya Chumba cha Nidhamu

Alhamisi hiyo Koplo Ngatia alipiga pasi shati lake la kijani mara mbili, akasugua chuma cha mshipi kwa majivu mpaka kikang'aa, kisha akapiga magoti kati ya kitanda na jiko la gesi, akasali. Hapakuwa na nafasi nyingine ya kupiga magoti. Nyumba za laini ya askari zilijengwa na mtu aliyeamini kwamba askari hulala akiwa amesimama.

Alipomaliza kusali alifungua daftari lake la darasa la jioni. Ngatia aliacha shule akiwa darasa la sita, na alipofika miaka arobaini na minne alijiandikisha kwenye ngumbaru, katika ukumbi wa kanisa, pamoja na wauza mboga wawili na mzee mmoja aliyetaka kujisomea hati ya shamba lake kabla ya kufa. Huko alifundishwa kuandika sentensi iliyokamilika. Sasa alikuwa na tatu.

"Soma tena," mkewe Waithira alimwambia huku akimmiminia chai.

Ngatia akasoma. "Tarehe kumi na mbili Septemba, saa nne asubuhi, nilifungua lango la chemchemi, na lori la magogo likapita. Nililifungua kwa sababu nilipewa amri ya maandishi na afisa anayenizidi cheo. Amri hiyo ninayo hapa, na sahihi iliyo chini yake ni ya Kamanda Ndungu."

"Hiyo ya tatu iweke kwanza. Hao watu husikia neno la kwanza tu, halafu wanaanza kufikiria chakula."

"Mwalimu alisema mambo yafuatane vile yalitokea."

"Mwalimu wako hajui Ndungu, Baba Shiku."

Ngatia akakunja ile karatasi ya amri mara nne, akaitia mfuko wa shati, akafunga kifungo. Kwa miaka ishirini na mitatu alikuwa ametumikia Kikosi cha Walinzi wa Chemchemi, ambao kazi yao ni kulinda maji pale yanapotoka msituni, kabla hayajawafikia watu na matatizo yao. Makao makuu ya kikosi yalikuwa Nyeri mjini, katika jengo la ghorofa moja lenye bustani ya maua ambayo haikuwahi kukosa maji hata mwaka ule ng'ombe wa Tetu walipokunywa kwa zamu. Kama angesikilizwa, angerudi langoni kwake Jumatatu. Kama hangesikilizwa, angetoka kazini kwa jina la mwizi wa miti, na Waithira angetolewa kwenye nyumba ya laini.

Kanuni za kikosi zilisema mshtakiwa apewe barua siku kumi na nne kabla ya kusikilizwa. Ngatia aliipata yake Jumatano saa kumi jioni, aitikie Alhamisi saa tatu asubuhi. Alipomuuliza karani, karani alimwonyesha tarehe iliyo juu ya barua. Ilikuwa ya siku kumi na nne nyuma.

"Barua imetimiza siku zake zote," karani alimweleza kwa upole. "Imetimizia ndani ya droo. Kanuni haisemi itimizie wapi."

Chumba cha Nidhamu kilikuwa mwisho wa korido. Sakafuni mwake, mbele ya meza ndefu, zilichorwa nyayo mbili za rangi ya manjano, kisigino kwa kisigino, za mtu avaaye buti namba tisa. Kanuni ya nne ilibandikwa mlangoni, na kila askari aliijua kwa moyo: mshtakiwa atavua kofia na mshipi, ataingia kwa mwendo wa gwaride, naye atasimama wima, nyayo zake ndani ya nyayo zilizochorwa, asiyesimama hapo hajafika.

Mlangoni alikuwa Sajenti Kihara, aliyeajiriwa siku moja na Ngatia na kupandishwa cheo siku tofauti.

"Kofia," alisema Kihara. Ngatia akampa. "Sasa mshipi. Lakini shika kitu."

"Nishike nini?"

"Mimi sijui. Wengine hushika mlango."

Ngatia hakushika mlango, kwa sababu mtu hawezi kuingia kwa gwaride huku ameshika mlango. Alifungua mshipi, akamkabidhi. Visigino vyake vikaacha sakafu kwanza, kisha vidole. Kihara akaandika katika kitabu chake, "Mshipi mmoja, umepokelewa," akapaza sauti: "Mshtakiwa! Mbele, tembea! Kush, kul, kush, kul!"

Ngatia alitembea. Hatua ya kwanza alikuwa shubiri moja juu ya sakafu, hatua ya tano alikuwa kimo cha meza, na alipofika juu ya zile nyayo za manjano na kupiga saluti, kichwa chake kiligonga dari. Aliganda hapo, mgongo ukiwa umebandama kwenye mbao nyeupe na uso ukitazama chini, kama mtu aliyelala kitanda kilichogeuzwa.

"Karibu juu, koplo," sauti ilisema karibu na sikio lake. "Lakini toa buti, bana. Hapa ndio tunalala."

Walikuwa wawili. Aliyesema alikuwa kijana wa Kianyaga aitwaye Griffins, konstebo, ambaye Ngatia alikuwa amesikia kwamba alifukuzwa mwaka juzi. Wa pili alikuwa Theuri wa Murang'a, mzee mwenye mvi, aliyeshtakiwa mwaka 2014 kwa kulala zamu katika kibanda cha ulinzi ambacho kilikuwa kimebomolewa mwaka 2013. Wote wawili walikuwa safi, wamechana nywele. Migongo yao ilikuwa imeacha alama za jasho kwenye mbao, kama inavyoacha migongo ya wagonjwa wa siku nyingi ukutani.

"Mnafanya nini hapa?" Ngatia aliuliza.

"Tunangoja kusikizwa," alisema Theuri.

Chini, kamati ilikuwa imekaa. Mwenyekiti alikuwa Kamanda Ndungu mwenyewe. Palikuwa na pendekezo kwamba mtu mwingine aongoze kikao hicho, lakini ilionekana kwamba hakuna aliyejua habari za lori lile kuliko yeye. Kuliani kwake alikuwa afisa wa utumishi, aliyekuja na mto wa kuegemea mgongo. Kushotoni alikuwa Bwana Govind, mwenye duka la misumari, rangi na mabati, kwa sababu kanuni ilitaka raia mmoja mwenye sifa njema awepo ili haki ionekane.

"Mshtakiwa yuko wapi?" aliuliza Ndungu.

Sajenti Kihara akatazama zile nyayo za manjano. "Hayuko juu ya alama, afande."

"Andika. Mshtakiwa hakufika."

"Nimefika, afande!" Ngatia aliita kutoka darini. "Niko hapa. Tarehe kumi na mbili Septemba, saa nne asubuhi, nilifungua lango..."

Karani alingoja amalize, kama mtu anavyongoja lori lipite ili aendelee na mazungumzo yake, kisha akaandika.

Bwana Govind aliinua macho. "Mimi naona huyo mtu," alisema. "Iko hapo juu, na wenzake wawili. Anaongea vizuri kabisa."

"Bwana Govind, tuzungumze kupitia kwa kiti," alisema Ndungu.

"Kiti iko chini. Yeye iko juu."

"Ndiyo maana kuna utaratibu."

Ngatia hakukata tamaa. Alifungua kifungo cha mfuko, akatoa ile karatasi ya amri, akaiachia. Karatasi haikuwa imevuliwa mshipi, kwa hiyo ilianguka kama karatasi zote. Ilitua mbele ya Govind. Govind akaikunjua, akaisoma mpaka mwisho, akaisukuma polepole juu ya meza hadi kwa mwenyekiti.

"Hii iko na sahihi yako."

"Sahihi yangu naijua," alisema Ndungu. Akaikunja mara nne kwa kufuata mikunjo yake ya zamani, akaitia mfukoni mwake, akafunga kifungo. "Sajenti, funga dirisha. Karatasi zinapeperuka."

Kikao kilichukua dakika kumi na moja, tatu zikiwa za sala ya kufungua na mbili za sala ya kufunga. Karani alisoma uamuzi: mshtakiwa hakufika; mshtakiwa alipewa nafasi kamili ya kujitetea akachagua kukaa kimya; mshtakiwa amefukuzwa kazi kuanzia leo; anayo haki ya kukata rufaa.

"Nimeandikiwa sikufika, halafu nimeandikiwa nilinyamaza," alisema Ngatia. "Mtu atanyamazaje mahali hajafika?"

"Wewe uko na bahati," alisema Griffins. "Mimi niliandikiwa nilikiri. Na nilikuwa hapa hapa, nikipiga kelele hadi koo ikaisha. Huyu mzee ndiye kali. Huyu waliandika alilala kwenye kikao."

"Sikulala," alisema Theuri.

"Mzee, si ulikuwa umelalia dari?"

"Nilikuwa nimelazwa. Si sawa na kulala."

Kamati ilitoka kwenda kula. Beth, mama wa chai, aliingia na ufagio mrefu wa kutolea utando wa buibui, ambao ncha yake alikuwa ameifunga ndoano ya waya. Akaning'iniza vikombe vya bati kimoja kimoja na kuvipandisha.

"Huyu mpya anakunywa na sukari?" aliuliza.

"Kidogo, mama," alijibu Ngatia. "Asante."

"Wewe una adabu. Yule Ben alikuwa anataka mandazi."

Ngatia aliuliza Ben ni nani. Theuri akamwonyesha nafasi tupu karibu na dirisha. Ben alikuwa mtu wa Karatina. Mwaka 2019 alichoka kungoja, akajisukuma kwa mikono hadi dirishani, akatoka. Nje hapakuwa na dari. Wachuuzi wa stendi walimwona akipita juu ya mnara wa kanisa, akiwapungia mkono, na baadaye kidogo watu waliokuwa wakichuma kahawa walimwona akielekea mlimani, mdogo kama mwewe. Faili lake liliandikwa kwamba alitoroka kabla ya rufaa. Mkewe alipokuja kuuliza mafao yake aliambiwa mumewe amehama makazi bila kuacha anwani.

"Kwa hiyo hatutoki," alisema Theuri. "Ukitoka, umetoroka. Ukibaki, bado unasubiri. Anayesubiri ana kesi, na mwenye kesi bado ni askari kidogo."

Ngatia aliona hoja hiyo ina maana. Alivua buti, akazifunga kwa kamba shingoni, akabaki.

Jioni walisali. Theuri aliongoza, kwa sababu alikuwa na cheo cha miaka mingi darini. Waliwaombea familia zao, mvua, na wakubwa wao. Griffins alipofika kwa Kamanda Ndungu aliomba kwamba Bwana amkumbuke kwa kadiri ya matendo yake, na Theuri akamwambia hiyo si sala, hiyo ni mashtaka. Ngatia alikuwa akirudia sentensi zake tatu moyoni, asije akazisahau.

Jumatatu Waithira alikuja. Beth alimpitisha mlango wa nyuma, akiwa na mukimo katika bakuli na barua ya kutolewa kwenye nyumba ya laini ndani ya siku saba. Alisimama katikati ya chumba, akamtazama mumewe kuanzia soksi hadi utosi.

"Kwa hiyo uko hapa," alisema.

"Niko hapa, Mama Shiku."

"Soksi imetoboka."

"Nimeona."

Alimpandishia chakula kwa ufagio, akamsomea barua ya nyumba kwa sauti isiyopanda wala kushuka. Kisha akauliza ni kitu gani hasa kilichokataa Alhamisi. Ngatia akamweleza: ni nyayo. Kama angeweza kusimama ndani ya zile nyayo za manjano, kamati ingelazimika kumsikiliza, na rufaa ilikuwa Alhamisi ijayo. Waithira alizitazama zile nyayo kwa muda, kama anavyotazama mwanamke gunia kabla ya kuamua kama atalibeba kwa safari moja au mbili.

"Una kilo ngapi?"

"Sasa? Sidhani ninazo."

"Basi unahitaji mzigo tu," alisema. "Ni kitu rahisi hivyo, na mmekaa hapo miaka kumi kama popo. Wanaume!"

Alhamisi ya rufaa alifika asubuhi na mapema akiwa amebeba gunia la viazi kutoka shambani kwao Tetu, kilo sabini, mgongoni, kwa ukanda wa ngozi unaopita juu ya paji la uso, vile mama yake alivyobeba kuni na mama wa mama yake alivyobeba maji. Beth alimvuta Ngatia chini kwa ndoano ya ufagio. Ngatia akavaa buti zake, Waithira akamfunga gunia mgongoni, akamvisha ule ukanda kwenye paji la uso, akarudi nyuma hatua mbili. Buti za Ngatia zilishuka zikagusa sakafu. Alikuwa na uzito wa viazi kamili.

Griffins alicheka mpaka akahama mahali pake. "Koplo! Umebeba na kichwa kama cucu, nyanya yangu! Ikijulikana Kianyaga wanaume wa Nyeri wanabeba hivyo, mtahamishwa kaunti."

"Funga mdomo," Waithira alimwambia bila kuinua macho. "Wewe uliye juu umebeba nini?"

Katika nchi ile mwanamume hubeba mzigo begani au kwa mkokoteni, na ule ukanda ni wa wanawake. Waithira mwenyewe alikuwa na alama yake, mfereji mdogo juu ya nyusi, uliochimbwa na miaka. Ngatia alihisi ngozi ile ikimkaza fuvu, na kwa mara ya kwanza katika ndoa ya miaka kumi na tisa alijua ule mfereji ulitoka wapi. Alitaka kumwambia kitu, lakini kamati ilikuwa inaingia.

Rufaa ilisikilizwa na kamati ile ile, kwa kuwa ndiyo iliyokuwa na uzoefu wa kesi hiyo. Kiti cha Bwana Govind kilikuwa kitupu. Mwenyekiti alieleza kwamba Bwana Govind amesafiri. Waithira alikuwa amempita asubuhi hiyo dukani kwake, Govind akimpimia mtu misumari ya inchi nne.

"Mrufani yuko wapi?" aliuliza Ndungu.

Kihara alitazama sakafuni. Alitazama kwa muda mrefu, akainama, akapima kwa vidole. "Yuko juu ya alama, afande. Nyayo zote mbili. Visigino pamoja."

Karani aliinua kalamu. Ngatia alikumbuka ushauri wa mkewe, akaanza na sentensi ya tatu.

"Amri ya kufungua lango ilikuwa na sahihi ya Kamanda Ndungu, na karatasi yenyewe iko katika mfuko wake wa kushoto. Nilifungua kwa sababu nilipewa amri hiyo. Ilikuwa tarehe kumi na mbili Septemba, saa nne asubuhi."

Alikuwa amezisema zote, kwa mpangilio mbaya lakini zote. Alihisi wepesi ambao haukuwa ule wa kupaa.

Kamanda Ndungu aligusa mfuko wake wa kushoto, akaona kwamba kifungo kimefungwa. Kisha akaomba asomewe Kanuni ya nne. Karani akaisoma.

"Rudia hapo katikati."

"Atasimama wima, afande."

"Wima," alisema Ndungu, akamtazama Ngatia kwa huzuni ya mtu ambaye angependa sana kusaidia. Ngatia alikuwa ameinama. Mtu aliyebeba kilo sabini kwa paji la uso huinama. Hakuna namna nyingine. Uso wake ulitazama sakafu, na kutoka kwenye kiti cha mwenyekiti, kitu kilichoonekana zaidi kilikuwa gunia. "Sajenti, huyo amesimama wima?"

Kihara alikuwa amekula kwa Ngatia Krismasi tatu. "Amejaribu, afande," alisema.

"Sikuuliza kama amejaribu."

"Hajasimama wima, afande."

"Nikisimama wima naenda juu," Ngatia aliiambia sakafu. "Nikibaki chini nainama. Afande, nisimame vipi?"

"Hilo ni la mrufani kuamua. Kamati haiwezi kumfundisha mrufani kujitetea, huo utakuwa upendeleo." Afisa wa utumishi aliitikia kwa kichwa, akarekebisha mto wake. Karani aliandika, na baadaye Waithira aliisoma kumbukumbu hiyo kwa macho yake: Mrufani alizungumza na sakafu. Sakafu haikujibu.

Rufaa ilitupwa. Waithira alifungua ukanda bila kuambiwa. Mumewe aliinuka kutoka chini ya gunia taratibu, kama maji yanavyopanda kisimani, mpaka Theuri akamshika mkono na kumweka mahali pake.

"Zilikuwa sentensi nzuri," alisema mzee. "Mimi nilizisikia zote."

"Na mimi," alisema Griffins. "Hata kama ulizianza na mkia."

Waithira alibeba viazi vyake, kwa maana havikuwa na kosa. Jumamosi alihamisha vyombo kutoka laini hadi Tetu. Kanisani wanawake wa chama walimuuliza mumewe yuko wapi siku hizi, akawaambia yuko Nyeri, yuko kazini kidogo. Wakamwambia amshukuru Mungu basi, wengine waume zao hawajulikani waliko kabisa.

Kamati haikuwa ya watu wasio na huruma. Ilikaa tena mwezi wa kumi na moja na kuzingatia hali ya wanaosubiri. Ilionekana kwamba darini wanabanana, na mwenyekiti alisema wazi kwamba haki za askari ni jambo analolichukulia kwa uzito mkubwa. Iliazimiwa kwa kauli moja kwamba dari ipandishwe futi nne. Mafundi walikuja, wakapandisha mbao huku wale watatu wakishikilia nguzo za jukwaa, wakabandika mbao mpya za misonobari, wakapaka rangi nyeupe. Zile nyayo za manjano nazo zikapakwa upya. Beth aliongezewa mpini wa ufagio.

Jumanne ya wiki iliyofuata alikuja mhandisi kutoka Nairobi kuthibitisha kazi hiyo kabla haijapokelewa rasmi. Aliitwa Shiro, mwanamke wa makamo mwenye kofia ya plastiki na fomu ya kurasa nne. Alikuwa peke yake chumbani. Aligonga kuta, akapima urefu kwa mashine ndogo yenye mwanga mwekundu. Mwanga ukatua kwenye paja la Theuri, naye akajisogeza kwa heshima ili apime mbao.

"Madam," alisema Ngatia.

Mhandisi akainua uso. "Naam."

Tangu siku ile ya barua hakuna mtu mwenye kalamu aliyekuwa amemwitikia Ngatia. "Naomba kusema jambo."

"Sema tu. Nasikia."

Akasema. Alizirudisha sentensi zake katika mpangilio wa mwalimu: tarehe na lango, amri, sahihi. Kisha, kwa kuwa mama yule alikuwa bado ameinua uso, aliongeza mengine ambayo hakuwahi kuyaandika: lori lilikuwa na namba gani, dereva alimsalimia namna gani, chemchemi ilivyogeuka tope siku ile na wanawake wa bondeni walivyorudi na mitungi mitupu, barua ilivyokaa kwenye droo, nyumba ya laini ilivyochukuliwa. Alisema kwa muda wa dakika sita. Theuri alikuwa amefumba macho, midomo ikicheza kama wakati wa sala. Mhandisi Shiro hakumkatiza hata mara moja, na pale ambapo hakuelewa aliuliza, naye akamfafanulia.

"Umemaliza?" aliuliza mwishowe.

"Nimemaliza, madam."

"Pole sana. Hiyo ni kesi ya wazi kabisa. Hata mtoto angeielewa." Alitikisa kichwa. "Lakini mimi nimetumwa kwa dari."

"Najua, madam. Asante kwa kusikiliza."

"Kazi yangu."

Alifunua fomu yake hadi ukurasa wa tatu, mahali palipoulizwa kuhusu sauti ndani ya chumba. Akafikiri kidogo, kwa kuwa alikuwa mtu mwaminifu katika kazi yake, akaandika: Kutoka darini hadi sakafuni, kila neno linasikika vizuri. Akapiga muhuri, akatoka, akafunga mlango polepole ili rangi mpya isichubuke.